Filamu Zinafikaje Koni, na Zetu Zinaenda Wapi?



Mdogo wetu mmoja aliandika katika kikundi chetu: "Ba yaya, strimingi njo nini hasa? Na sisi huku Koni tuko ndani ao tuko inje?" Majibu yalikuwa mengi, nusu yake ni kicheko. Mimi niliahidi kujibu kwa urefu, juu ya swali lenyewe ni zuri kuliko linavyoonekana.

Jibu fupi: tuko ndani, lakini tumeingia kwa mlango wa nyuma. Jibu refu linahitaji kwanza tukubaliane juu ya jambo moja. Ili filamu, tamthilia ao video ya kuchekesha iwe ya watu fulani, lazima ipite kazi tatu: kufika, kueleweka na kubaki. Ifike mpaka mkononi mwa mtu. Mtu aelewe kinachosemwa. Halafu ibaki, ili mtoto wake pia aikute. Sisi wa Koni, na Likasi nzima, kazi ya kwanza tumeiweza kwa akili zetu. Ya pili tumeiweza nusu. Ya tatu tunaishindwa kila siku, na wengi wetu hatujui hata kama tunaishindwa.

Tuanze na kufika.

Strimingi ni hivi. Filamu inakaa kwenye mashine kubwa mbali sana, pengine bara lingine. Ukibonyeza, haiji yote mara moja. Imekatwa vipande vidogo vya sekunde chache chache. Simu yako inaonyesha kipande kimoja huku inavuta kinachofuata. Mtandao ukiwa dhaifu, mashine inakutumia vipande vya picha hafifu ili usisimame. Mtandao ukikatika kabisa, ile duara inazunguka na wewe unabaki kuangalia uso wako kwenye kioo. Kwa hiyo strimingi ya kweli inataka vitu vitatu kwa wakati mmoja: umeme, mtandao usiokatika, na njia ya kulipa. Netflix ilifungua milango yake mwezi wa kwanza 2016 kwa nchi zaidi ya 130 kwa mpigo, Afrika yote humo ndani. Kufunguliwa mlango ni kitu kimoja, kuwa na nauli ya kufika mlangoni ni kitu kingine.

Juu ya umeme, sisi tunaweza kufundisha wengine. Kiwanda cha Koni, pale kwenye mto Lufira chini ya Mwadingusha, kilianza kazi mwaka 1950, wakati wa Union Minière, na nguvu yake ni megawati 42. Mwadingusha ni mkubwa wake, tangu 1930, na mashine zake zilifanywa upya miaka hii ya karibuni ili kusaidia migodi. Lakini umeme huo ulijengwa kwa ajili ya shaba na kobalti, haukujengwa kwa ajili ya balbu ya mama anayepika foufou. Ile laini ndefu kutoka Inga mpaka Kolwezi, karibu kilomita 1,700, iliyomalizika mwanzoni mwa miaka ya 1980, ni hadithi ileile: nyaya zinapita juu ya vijiji, vijiji vinabaki gizani. Katika nchi yetu nzima, takriban mtu mmoja kati ya watano njo ana umeme nyumbani. Mtoto wa Koni anaweza kuzaliwa akisikia maporomoko yanayozungusha turbini, na jioni akatafuta pa kushaji simu.

Basi watu wamefanya nini? Wametenganisha vile vitu vitatu. Mtu mmoja, mara nyingi kule Likasi, ana forfe na yuko mahali penye mtandao mzuri. Anavuta filamu usiku, wakati watumiaji wamepungua. Anaiweka kwenye flashi. Flashi inapanda pikipiki ao lori, inafika kwenye kioski chenye kompyuta na sahani ya sola. Pale unaleta kadi yako ya memwari, unachagua, unalipa bei isiyofika ya mkate mmoja, unaondoka. Nyumbani unamtumia jirani kwa Xender ao Bluetooth, bila kutumia mega hata moja. Jirani anamtumia shemeji yake. Mtu mmoja amelipa intaneti, watu mia wameangalia.

Hesabu inaeleza kwa nini. Netflix yenyewe inasema picha ya chini kabisa inakula karibu gigabaiti 0.3 kwa saa, na picha ile safi ya juu inafika gigabaiti 3 kwa saa. Kwa mtu anayenunua mega kidogo kidogo, saa moja ya picha safi ni mshahara unaoungua machoni. Kwa hiyo tunaangalia picha ndogo, ya kukwaruza kidogo, na tunaangalia pamoja. Strimingi ya kwetu inatembea kwa miguu.

Njia hii ina tabia zake. Kwenye jukwaa kubwa, programu ya kompyuta njo inakuchagulia cha kuangalia. Kwetu anayechagua ni kijana wa kioski, na huyo anakujua: anajua mama fulani anataka za Nigeria zenye machozi, baba fulani anataka karate tu. Lakini pia tuseme ukweli bila kuuma maneno: katika njia hii aliyetengeneza filamu hapati kitu. Akiwa ni kampuni kubwa ya Marekani, pengine hasikii maumivu. Akiwa ni kijana wa Lubumbashi aliyekopa kamera, anasikia sana. Tutarudi hapo.

Sasa kueleweka.

Siku moja nilimkuta kijana mmoja wa kioski akinakilia watu filamu ya Indonesia, The Raid, ile ya 2011 ambamo polisi wanapanda jengo la ghorofa nyingi la Jakarta, na kila ghorofa inawangoja kwa mapanga. Mwongozaji ni Gareth Evans, mtu wa Wales, anayepigana ni Iko Uwais, na mapigano ni ya silat, mchezo wa kale wa kwao. Lugha ndani ni Kiindonesia. Nikamuuliza: mdogo, watu wanaelewa nini humu?

Akacheka. "Yaya, ngumi haina luga. Ile filme ya kuongea-ongea njo bantu banarudishaka."

Hapo alinipa somo zima la uchumi wa filamu. Mapigano yanasafiri bila pasipoti. Lakini kichekesho, kesi ya mirathi, ugomvi wa mke na mama mkwe, hivyo vinahitaji lugha. Na Afrika ya Mashariki ilipata jibu lake zamani, kabla ya intaneti: mtu anayesimama kati ya filamu na watazamaji. Uganda wanamwita VJ. Anakaa kwenye banda la video na kipaza sauti, anapunguza sauti ya filamu, anaeleza kwa Kiganda, anaongeza utani, anampa mwovu jina la mtu mnayemjua mtaani. VJ Jingo ni mmoja wa waliojulikana sana. Tanzania walikuwa na Lufufu, ambaye sauti yake juu ya filamu za Wahindi na Wachina ilinunuliwa kama filamu yenyewe. Kenya kuna DJ Afro. Watu hawa si wakalimani wa mkutano. Hawatafsiri neno kwa neno. Wanaihamisha filamu, wanaileta ikae kwenye kiti chetu.

Kwetu Katanga, kazi hiyo imegawanyika. Filamu za Nigeria zinatufikia nyingi zikiwa zimetiwa sauti ya Kifaransa, na aliyesoma kidogo anamweleza bibi. Filamu za Tanzania zinatufikia kwa Kiswahili, na hapo bibi haitaji mtu. Steven Kanumba alipofariki Dar es Salaam tarehe 7 Aprili 2012, hata huku Kongo kulikuwa na watu waliolia kama wamefiwa, ingawa hawakuwahi kuvuka mpaka. Hiyo ni nguvu ya lugha. Lakini angalia vizuri: Kiswahili kile ni cha Dar. Tunakielewa, tunakipenda, na watoto wetu wanaanza kusema "mambo vipi" na "poa". Kiswahili chetu cha Katanga, chenye "njo" na "paka" na "bantu", Kiswahili kilichozaliwa kambini kwa wafanyakazi wa reli na migodi, kwenye skrini tunakisikia mara chache. Kikisikika, nyumba nzima inanyamaza halafu inacheka, kwa sababu watu wamejiona.

Nimetaja Indonesia, na sitaki kuiacha haraka hivyo, juu ya nchi ile inatufundisha kitu. Ni visiwa zaidi ya 17,000 na lugha za wenyeji mia kadhaa. Tarehe 28 Oktoba 1928 vijana wao walikutana wakaapa kuwa na lugha moja ya umoja, na waliyoichagua haikuwa ya kabila kubwa kuliko yote. Ilikuwa Kimalei, lugha ya biashara na bandari, iliyosemwa na wengi kama lugha ya pili. Mtu wa Kiswahili akisikia hivyo anatabasamu. Halafu walikuja na vyombo: televisheni ya taifa, TVRI, mwaka 1962, setilaiti yao Palapa mwaka 1976, ili kisiwa cha mbali kione picha ileile, televisheni ya kwanza ya kibinafsi, RCTI, mwaka 1989. Tamthilia zao za kila jioni wanaziita sinetron, na vijijini walikuwa na shuka kubwa linalosimikwa uwanjani kwenye harusi ili kijiji kizima kiangalie filamu. Baadaye diski za kunakiliwa kwa wizi zilijaa sokoni kwao, sawasawa na kwetu.

Simu zilipofika, waliziendea na hadithi zao wenyewe. Mwaka 2019 mtu mmoja, akijificha nyuma ya jina la mtandaoni, aliandika kwenye Twitter kisa cha kutisha cha wanafunzi wa chuo waliopelekwa kufanya kazi ya kujitolea kijijini. Kisa kile kikawa filamu, KKN di Desa Penari, na mwaka 2022 iliuza tiketi zaidi ya milioni 9 katika majumba ya sinema ya nchi yao. Wana hata jukwaa lao la strimingi, Vidio.

Lakini kilichonigusa mimi ni kitu kidogo kuliko hivyo. Mwaka 1975 mtu anayeitwa Misbach Yusa Biran alianzisha Jakarta nyumba ya kutunza filamu, Sinematek. Hawakuokoa zote, filamu nyingi za zamani za kwao zimekufa. Hata hivyo moja waliyoitunza, Lewat Djam Malam ya Usmar Ismail, ya mwaka 1954, ilipatikana mkanda wake ukiwa umeharibika. Ikapelekwa Italia, ikasafishwa picha moja moja, na mwaka 2012 ikaonyeshwa Cannes mbele ya dunia. Mtu aliyefunga mlango wa ile ghala mwaka 1975 hakujua strimingi ni nini. Alitunza tu.

Na hapo njo moyo wa jibu langu. Strimingi haiumbi kitu. Inaonyesha tu kile ambacho mtu fulani alikitunza. Tunaona jukwaa lina filamu maelfu, tunadhani lina kila kitu. Kisichotunzwa hakimo, na watoto watadhani hakikuwahi kuwepo.

Tuangalie basi kubaki, na tuangalie kwetu.

Wazee wetu wote wanamkumbuka Mufwankolo. Yeye na kundi lake la Lubumbashi walichekesha Katanga nzima kwenye redio na televisheni, kwa Kiswahili chetu hiki hiki, bila aibu. Mwaka 1986 walitengeneza mchezo juu ya msemo kwamba mamlaka yanaliwa mazima, hayagawanywi. Fikiria: kusema hivyo Zaire, wakati wa Mobutu, mbele ya kamera! Mwanaanthropolojia Johannes Fabian, ambaye aliwahi kufundisha chuo cha Lubumbashi, alikuwepo kuanzia mazoezi ya kwanza. Alirekodi, akaandika maneno yao yote, na mwaka 1990 akatoa kitabu. Baadaye yeye na mwenzake Vincent de Rooij wakaweka maandishi ya aina hiyo kwenye intaneti, kutoka Chuo Kikuu cha Amsterdam. Leo mtoto wa Likasi akitaka kusoma neno kwa neno jinsi watu wa Katanga walivyofanya mazoezi ya mchezo ule, anapaswa kubisha hodi Uholanzi.

Namshukuru Fabian kwa moyo wote. Bila yeye tungekuwa na kumbukumbu tu, na kumbukumbu inazeeka pamoja na mwenye nayo. Lakini jiulize: mamia ya vipindi vingine vya Mufwankolo ambavyo hakuna profesa aliyekuwepo kuvirekodi? Michezo ya makundi ya kambini, ya serkle, ya shule, ya parokia, hapa Likasi? Ni mangapi yalirekodiwa kwenye kaseti za VHS, kaseti zikawa ghali, zikafutwa ili zirekodiwe harusi? Kaseti ya VHS haili chakula lakini inakufa: joto, unyevu na ukungu wa kabatini vinaila polepole. Na mashine za kuisoma haziundwi tena.

Msidhani ni hadithi ya zamani tu. Uganda, pale Wakaliga, Isaac Nabwana alitengeneza Who Killed Captain Alex? mwaka 2010 kwa pesa kidogo kabisa, na kipande chake cha matangazo kikaangaliwa YouTube na mamilioni ya watu. Filamu ile ya kwanza, isiyo na sauti ya VJ, imepotea: umeme wa kukatika-katika na kompyuta isiyo na nafasi. Iliyobaki ni ile yenye utani wa VJ Emmie juu yake. Dunia imeipenda hivyo, na ni bahati nzuri. Lakini ni bahati. Na vijana wetu wanaotengeneza vichekesho vya dakika tatu kwa simu leo, wanaviweka WhatsApp, vinazunguka juma moja, halafu simu inajaa, wanafuta ili wapate nafasi. Kile cha mwaka jana kilichowachekesha wote, jaribu kukitafuta leo. Kijana aliyekitengeneza mwenyewe hana.

Kwa hiyo, mdogo wangu uliyeuliza, tuko ndani ya strimingi kama wateja. Kama wenye nyumba, bado. Na kuwa mwenye nyumba hakuanzii kwenye kununua seva. Kunaanzia kwenye kabati la mzee.

Napendekeza mambo machache ambayo chama cha wahitimu kinaweza, bila kungoja mradi wala mfadhili.

La kwanza, tuulize nyumbani. Nani ana kaseti ya mchezo wa kuigiza, ya sherehe ya kambi, ya kwaya, ya mahojiano na mzee? Tuandike orodha kabla hatujagusa chochote. Wapiga picha wa harusi wa zamani wa Likasi ni watu wa kwanza wa kuulizwa. Baadhi yao bado wana mashine za VHS zinazofanya kazi.

La pili, tuhamishe kwenye faili. Mashine ya VHS, waya, kifaa kidogo cha kunasa picha, na kompyuta. Kaseti ya saa mbili inachukua saa mbili, hamna njia ya mkato. Tuanze na iliyo katika hali mbaya zaidi.

La tatu, nakala mbili sehemu mbili. Diski moja Koni, nyingine Likasi ao Lubumbashi. Diski mbili ndani ya nyumba moja ni kama diski moja, mwizi na moto havihesabu.

La nne, jina la faili. "VID-0034" ni kaburi lisilo na msalaba. Andikeni mwaka, mahali, jina la kundi, na nani wanaonekana. Wazee wanaowatambua waliomo bado wako hai. Hiyo ni kazi ya mwaka huu, si ya miaka kumi ijayo.

La tano, ruhusa. Sheria yetu ya haki za waandishi ni ya tarehe 5 Aprili 1986, mwaka uleule wa mchezo wa Mufwankolo. Wanasheria wetu humu ndani watusaidie kuandika karatasi fupi, ya lugha nyepesi, ambayo mwigizaji ao familia yake inaweka sahihi. Tusiwafanyie wa kwetu kile ambacho kioski kinawafanyia wageni. Na kioski chenyewe tukialike: kijana anayeuza filamu za watu anaweza kuuza pia vichekesho vya Likasi, na sehemu ya pesa ikarudi kwa aliyetengeneza. Njia ya kufikisha tayari anayo, flashi na pikipiki. Kinachokosa ni bidhaa ya kwetu na makubaliano.

Mwisho kabisa ndiyo tufikirie kuweka mtandaoni, kwa vile vilivyopewa ruhusa.

The Raid haitapotea. Kuko watu wanaolipwa kuitunza. Ikifutika leo kwenye kadi yako, kesho utaipata tena kwa bei ileile ya chini ya mkate. Kaseti iliyo juu ya kabati la mjomba wako haina nakala nyingine mahali popote duniani.

Atakayekuwa na kaseti, aandike hapa chini jina la mahali tu, tutamfuata.